Ni Nani Aliyekupangia Kiti?

Masomo ya wiki: Yakobo 2:1-9, Matendo 22:22-29, Wagalatia 2:11-14

Somo la wiki hii linaanza na kosa langu mwenyewe, na afadhali mlisikie kutoka kwangu kabla hamjalisikia kwa majirani.

Miezi michache iliyopita, ibada ya pili ikiwa imeshika moto, waliingia wazungu wawili, mume na mke, wamechelewa kama nusu saa. Kanisa lilikuwa limejaa. Mimi nilikuwa mbele nikiongoza. Bila kufikiria mara mbili nilimpungia mkono mhudumu wa mlangoni, naye akajua ninachotaka. Akaenda safu ya pili, akamwinua mama mmoja wa miaka sitini na kitu, akampeleka kule nyuma chini ya spika, mahali ambapo hata kuomba ni kazi. Wageni wakakaa. Halafu nikamwita yule bwana aje asalimie kanisa. Akaja uso umemwiva kwa haya, akasema yeye si mhubiri, ni vile gari lao liliharibika hapo barabarani na fundi akawaambia wangojee ndani kwa sababu ya mvua. Watu wakacheka, tukapiga makofi, ibada ikaendelea.

Jumatano nilikuwa nikitayarisha somo kutoka Yakobo mlango wa pili. Mnaujua. Mtu mwenye pete ya dhahabu anaingia kwenye mkutano, anapewa kiti kizuri. Maskini anaingia, anaambiwa simama kule ama kaa hapo chini. Nilifunga Biblia. Jioni hiyo nilikwenda kwa huyo mama kuomba msamaha.

Alinikaribisha chai, akanisikiliza mpaka mwisho. Halafu akaniambia, "Pasta, mimi sikukasirika. Si walikuwa wazungu?"

Hakusema kwa uchungu. Alisema kama mtu anayekueleza kwamba mvua ikinyesha unaanika nguo ndani. Hilo ndilo lililoninyima usingizi, kuliko hata kosa lenyewe. Yeye aliona ni sawa ainuliwe. Mimi niliona ni sawa kumwinua. Mhudumu hakuhitaji hata kuelezwa. Sisi watatu tulikuwa tumefundishwa somo moja, na hakuna anayekumbuka mwalimu ni nani wala darasa lilikuwa lini.

Mgongo wa Paulo

Twende Matendo 22. Paulo yuko Yerusalemu, watu wanapiga kelele auawe. Jemadari anaamuru aingizwe ngomeni na apigwe mijeledi ili aseme amefanya nini. Tayari wamemfunga kamba. Ndipo Paulo anamuuliza akida aliyesimama karibu kama ni halali kumpiga mtu ambaye ni Mrumi na hajahukumiwa. Akida anakimbia kwa jemadari. Jemadari anakuja mwenyewe kuuliza. Anasema yeye alinunua uraia wake kwa pesa nyingi. Paulo anamjibu kwamba yeye alizaliwa nao. Mara wale waliokuwa tayari na mijeledi wanarudi nyuma, na jemadari anaogopa kwa kuwa alikuwa amemfunga.

Sasa niambie, mgongo wa Paulo ulibadilika? Ngozi ilikuwa ileile, damu ileile, Myahudi yuleyule. Kilichobadilika ni habari juu ya daftari fulani mahali fulani. Na angalia vile hao wawili walivyopata hicho kitu. Mmoja alikinunua. Mwingine alikikuta kitandani alipozaliwa, hata hajui kutembea. Hakuna aliyekipata kwa kuwa mwema au mwenye bidii kuliko mtumwa aliyekuwa akifagia ngome hiyo.

Huo ndio upendeleo. Watu wanakaa chini, wanaandika ni nani wa kupigwa na ni nani wa kuogopwa, halafu baada ya muda kila mtu anadhani Mungu ndiye aliyeandika.

Watu wengine walijaribu hata kumsingizia Mungu waziwazi. Mmesikia hadithi ya laana ya Hamu, ati Mwafrika alilaaniwa awe mtumwa. Fungua Mwanzo 9 usome polepole. Nuhu hakumlaani Hamu, alimlaani Kanaani. Na rangi ya ngozi haijatajwa popote katika mlango huo. Waliotaka watumwa ndio walioongeza rangi, kisha wakairudisha madhabahuni kama neno la Bwana.

Daftari la hapa kwetu

Nilisomea biashara kabla ya kuitwa, kwa hivyo nikitaka kujua kitu kinafanyaje kazi, natafuta vitabu vya hesabu. Na ukoloni, wapendwa, uliacha vitabu vingi vya hesabu.

Mwaka 1915 serikali ya kikoloni ilipitisha sheria ya ardhi iliyowaruhusu walowezi kupewa mashamba kwa mkataba wa miaka 999. Tisa mia tisini na tisa! Aliyetia sahihi mwaka huo alikuwa anafikiria mwaka 2914. Sheria hiyo ilimpa gavana uwezo wa kuzuia shamba lisiuzwe kwa mtu wa rangi nyingine. Mwaka huohuo ikapitishwa sheria ya kusajili Waafrika, na baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia ikaanza kutekelezwa: kila mwanamume Mwafrika wa miaka 16 kwenda juu abebe kipande. Wengi walikivaa shingoni ndani ya kijisanduku cha bati. Ndani yake kuliandikwa alifanya kazi kwa nani na alilipwa ngapi. Ukienda kutafuta kazi, mwajiri mpya anafungua, anaona ulikuwa ukilipwa kidogo, naye anakupa kidogo hichohicho. Ukitoka kazini bila mwajiri kutia sahihi, unatafutwa na polisi. Mzungu hakubeba kipande, Mhindi hakubeba.

Wale waliosoma uchumi wataelewa haraka. Kipande kilikuwa njia ya kuzuia bei ya kazi ya mtu mweusi isipande. Na kahawa je? Kwa miaka mingi Mwafrika alinyimwa kuilima kwa ajili ya kuuza, mpaka miaka ya 1930 walipoanza kuruhusiwa wachache sehemu kama Kisii, Embu na Meru, tena kwa masharti. Wengi waliruhusiwa miaka ya 1950. Babu yangu alichuma kahawa miaka mingi kabla ya kumiliki mti mmoja wa kahawa. Alijua kuipogoa, kuichuma, kuikausha. Kilichokosekana hakikuwa ujuzi.

Halafu mishahara. Tume ya Holmes, mwaka 1948, ilipendekeza kwamba mfanyakazi wa serikali asiye mzungu alipwe tatu ya tano ya kile analipwa mzungu kwa kazi ya ngazi ileile. Mpaka 1954 ndipo Tume ya Lidbury ikapendekeza mizani ya rangi iondolewe. Wacha tufanye hesabu kidogo, na nambari hizi ni za mfano tu. Mzungu anapata shilingi 500, mwenzake 300. Chakula, nyumba na nguo zinakula 250 kwa kila mmoja. Mmoja anabaki na 250, mwingine 50. Mshahara haukufika hata mara mbili, lakini akiba ni mara tano. Kwa miaka 20 huyu ameweka 60,000, yule 12,000, na bado hatujagusa riba. Mmoja amenunua nyumba, mtoto amesoma bila kukosa karo. Mwingine amezika mzazi na akiba ikaisha. Sasa leta wajukuu wao wawili leo, wakae kwenye mahojiano ya kazi moja. Mtu atakuambia, "Huyu mmoja ana kujiamini."

Na Mhindi alikuwa katikati. Reli ya Uganda ilileta kutoka India vibarua na mafundi wapatao 32,000, wengi wao wakarudi, wengine wakabaki, na wafanyabiashara wakafuata. Zile ardhi za juu zenye rutuba walifungiwa. Mtu mwenye mtaji kidogo ambaye hawezi kununua shamba atafanya nini? Atafungua duka. Miaka mia baadaye tunasema Wahindi wana biashara kwenye damu. Si damu. Ni mlango mmoja uliofungwa na mwingine ulioachwa wazi nusu. Na sisi tulifungiwa yote miwili, halafu tukaambiwa na kujiambia kwamba hatuna kichwa cha biashara. Hili la mwisho nimelisikia darasani chuo kikuu, kutoka kwa Mwafrika mwenzangu.

Walioomba kulipa ushuru zaidi

Kama bado unadhani rangi hizi zilitoka mbinguni, kuna kisa cha miaka ya 1930 ninachokipenda sana. Wasomali fulani waliokuwa wakiishi Kenya, hasa wa ukoo wa Isaaq, waliwekwa na serikali kwenye kundi lao la kulipa kodi ya kichwa. Kodi ya Wahindi ilikuwa juu zaidi. Hao Wasomali wakagoma. Walitaka nini? Walitaka walipe ile kubwa, ya Wahindi! Waliandika maombi mpaka London.

Mtu wa biashara akiona mteja anabishana apandishiwe bei, anajua kuna kitu kingine kinauzwa hapo. Walikuwa wananunua cheo. Ukihesabiwa Mwasia, kuna hospitali tofauti, chakula tofauti ukifungwa jela, heshima tofauti mbele ya afisa. Mgongo wao haukuwa umebadilika, walikuwa wanatafuta kuhamishwa daftari. Kule Mombasa ilikuwa vilevile: jamaa waliooana miaka na miaka, mmoja ameandikwa Mwarabu, mwingine ameandikwa mwenyeji, na watu wa Thenashara Taifa wakapigania muda mrefu wasihesabiwe na wenyeji. Siwalaumu. Ukiwa ndani ya nyumba inayoungua unatafuta dirisha. Lakini ona vile kila mtu alipigania kupanda ngazi moja, na wachache wakauliza ngazi yenyewe ilijengwa na nani.

Hata leo mistari hii inahama. Rais Obama, baba Mjaluo kutoka Kogelo, mama mzungu kutoka Kansas. Kwenye sensa ya Marekani ya 2010 alijiandikisha mtu mweusi, na hakuna aliyeshangaa huko. Mtoto kama huyo akikulia hapa mtaani kwetu tungemwita pointi faivu, na kwa watoto wengine angekuwa "mzungu". Ni mtu mmoja. Na mwaka 2017 Wakenya wa asili ya Kihindi walitangazwa kuwa kabila la 44 la Kenya. Waliamka asubuhi ni kabila. Tangazo lilitoka Nairobi, halikutoka kwenye damu.

Biashara isiyomhitaji mwenyewe

Chuoni tulifundishwa kwamba biashara iliyokomaa ni ile inayoendelea hata mwenyewe akilala. Mwenye biashara hii aliondoka mwaka 1963. Bendera yake ilishushwa. Katiba ya 2010 ilipunguza hata ile miaka 999, mtu asiye raia sasa hapati zaidi ya miaka 99. Lakini nani alimwinua yule mama? Hapakuwa na gavana kanisani. Nilikuwa mimi.

Angalia mlinzi kwenye lango la duka kubwa. Mkoba wako anaufungua mpaka mfuko wa ndani. Mzungu nyuma yako anapita na "karibu sana, madam". Mlinzi ni mweusi, mkubwa wake ni mweusi, na hakuna sheria iliyoandikwa hivyo popote. Sikiliza pia vile tunavyoongea. Mtu akifika mapema, "wewe ni mzungu kabisa". Tukichelewa, ni "saa za Kiafrika". Nyumba ikiwa safi, "huyu anaishi kizungu". Kitu kikiharibika, "mambo ya Waafrika hayo". Msichana mweupe kidogo anasifiwa ati ni rangi ya thao, na huyu mwingine mweusi tii, binti wa kanisa hili hili, anatumia pesa za nauli kununua krimu ya kujichubua. Akina mama wanajua ninachosema, na akina baba mnaochagua hivyo mnajua pia. (Hata fomu yetu ya kuweka wakfu watoto ina nafasi ya "jina la Kikristo", na asilimia kubwa ya majina yanayojazwa pale hayamo ndani ya Biblia kutoka Mwanzo mpaka Ufunuo. Yamo tu Uingereza. Tutaichapisha upya.)

Najua kuna ndugu atasema, "Pasta, hizi ni siasa, tuhubirie Yesu." Ndugu yangu, soma Matendo 6. Kanisa lilikuwa limejaa Roho, na bado wajane wa upande mmoja walikuwa wanarukwa kwenye mgao wa chakula. Mitume hawakusema ni siasa. Waliita mkutano na kubadilisha utaratibu, na wale saba waliochaguliwa wana majina ya Kiyunani, yaani majina ya upande uliokuwa ukilalamika.

Mwingine atasema, "Kwa hivyo tuwachukie wazungu?" Hapana. Yule bwana aliyeharibikiwa na gari hakuomba kiti cha mtu. Hakupanda ile ngazi, aliikuta kitandani kama Paulo alivyoukuta uraia. Lakini Paulo aliutumiaje? Kule Filipi, Matendo 16, alipigwa na kufungwa pamoja na Sila, na asubuhi maafisa walipotaka waondoke kimyakimya, Paulo akakataa, akasema yeye na Sila ni Warumi, hao wakubwa waje wenyewe wawatoe. Wakaja wakiomba radhi. Halafu Paulo akaenda kwa nyumba ya Lidia kuwaona ndugu kabla ya kuondoka. Mimi naona hapo aliutumia uraia kama mwavuli kwa kanisa changa lililokuwa linabaki mjini. Na kwa hao hao Wafilipi ndio baadaye aliandika, mlango wa 3, kwamba kuzaliwa kwake na vyeo vyake vyote amevihesabu hasara. Mtu anaweza kushika kitu mkononi na asikiruhusu kimwambie yeye ni nani.

Na sisi pia tuna uraia wetu. Kuna ndugu Wakongomani wanaoabudu nasi ibada ya kwanza. Mkenya akisimamishwa usiku anaonyesha kitambulisho na kwenda nyumbani. Wao hawalali. Ni mara ngapi tumewapa maikrofoni wasalimie kanisa?

Petro alipohama meza

Wagalatia 2 ndiyo sehemu inayonigusa zaidi. Petro alikuwa mtu aliyeonyeshwa maono juu ya paa, aliyeingia nyumba ya Kornelio. Alijua. Kule Antiokia alikula na watu wa Mataifa bila shida. Kisha wakaja wageni kutoka kwa Yakobo, na Petro akaanza kujitenga kidogo kidogo. Hakuhubiri mafundisho ya uongo. Alibadilisha kiti tu. Na wengine wakamfuata, hata Barnaba. Paulo alimpinga mbele ya wote, kwa sababu aliona kwamba kiti hicho kilikuwa kinahubiri kwa sauti kubwa kuliko mahubiri.

Fikiria yule wa Mataifa aliyebaki mezani, chakula kimepoa, anamtazama Petro upande ule mwingine. Labda naye alisema, "Si walitoka Yerusalemu?"

Tumekaa na wahudumu wa mlangoni Jumamosi iliyopita. Tumekubaliana hivi. Hakuna mtu atakayeinuliwa kumpisha mgeni isipokuwa mgeni huyo ni mgonjwa, mjamzito, mzee, au amebeba mtoto. Viti vinne vya safu ya pili, upande wa dirisha, vitabaki wazi hadi wimbo wa tatu kwa mgeni yeyote anayeingia kwanza, awe amekuja na gari au na kandambili. Wageni wataulizwa mlangoni kama wangependa kusalimia kanisa, wote, na watakaokataa wataachwa kwa amani. Kwenye vikundi vya nyumbani wiki hii someni Yakobo 2 pamoja, kisha kila mmoja ataje siku moja alipoinuliwa na siku moja alipomwinua mwingine. Msiharakishe kwenda kwenye maombi.

Yule mama nilimwomba ruhusa kabla ya kuandika haya. Alisoma ukurasa wa kwanza, akavua miwani, akasema niandike tu lakini nisitaje jina. Kisha akaniuliza kama nilijua kwamba amekaa kwenye kile kiti karibu na nguzo tangu kanisa likiwa la mabati. Nilikuwa sijui. Jumapili atakuwa pale.